Miksa ya Baba Kasiva

Kila Jumatatu, Kasiva alipokuwa akifunga kamba za viatu vya shule, babake alikuwa mlangoni amevaa suti. Bwana Mbaluka alikuwa mwanakandarasi. Alilijengea shirika moja la umma vyoo na ukuta, kazi ikakaguliwa na kupitishwa, lakini malipo hayakuja. Basi kila Jumatatu alitoka mtaani kwao Riruta kwenda katikati ya jiji, akaketi kwenye benchi la ofisi ya shirika hilo na kumsalimu kila aliyepita. Jioni alirudi na jibu lile lile: "Wamesema nirudi wiki ijayo."

"Si uwashtaki?" mamake Kasiva alimwuliza.

"Nikiwashtaki sitapata kazi tena. Mvumilivu hula mbivu, Mama Kasiva."

Mbivu zenyewe zilikuwa zikiliwa kwa jirani. Bwana Kibe alitandaza kabro, yale matofali ya sakafu ya nje, katika ua wa shirika hilo hilo, na yeye alikwisha kulipwa. Bintiye, Njambi, aliyesoma darasa moja na Kasiva, alinunuliwa baiskeli nyekundu.

"Niaje, Kasiva! Kuja uendeshe kidogo," Njambi alimwita.

"Endesha tu, uringe vizuri," Kasiva akajibu. Hakuwa amewahi kupanda baiskeli maishani, na hakutaka Njambi ajue. Wivu ulimla. Aliomba gurudumu lipasuke, na lilipokataa kupasuka akazidi kununa.

Jumamosi moja alimkuta babake akiosha miksa, ile mashine yake ya kuchanganya saruji. Kodi ya nyumba na karo vilikuwa vimemlemea, kwa hiyo alikuwa ameamua kuiuza. Kasiva alishtuka. Bila miksa, Baba hangekuwa mwanakandarasi tena. Angebaki mzee wa benchi tu.

Mnunuzi alipobisha lango na kuingia, kumbe ni Bwana Kibe, Njambi nyuma yake.

"Baba, usimuuzie!" Kasiva alifoka. "Kila mtu anajua alilipwa kwa sababu alitoa hongo!"

Hakuna aliyejua lolote. Maneno hayo Kasiva aliyatunga mwenyewe. Njambi aliangua kilio. Bwana Mbaluka aliinamisha kichwa, wala hakumkemea bintiye.

"Baba Kasiva," Bwana Kibe akasema polepole, "kumbe hata wewe wafikiri hivyo?"

Bwana Kibe akaketi juu ya tofali.

"Mimi pia nilikaa kwenye benchi lile hadi nikachoka. Nikamwendea wakili Wangeci, kule mjini. Aliwaandikia kudai malipo pamoja na riba ya kucheleweshwa. Walipopuuza, tukaenda mahakamani tukashinda, lakini bado hawakulipa. Mali ya serikali haipigwi mnada, kwa hiyo ilibidi turudi, mahakama ikamwamuru mkuu wa shirika alipe. Alijua akikaidi ataitwa yeye mwenyewe kujieleza, na huenda akafungwa. Akalipa. Wewe nawe usilale. Dai kama hili lina muda wake kisheria, na ukipita umekosa."

"Hawakukunyima kazi tena?" Bwana Mbaluka akauliza.

"Hawajaninyima. Kwani kudai haki yako ni matusi? Miksa siinunui. Nitaikodi, upate ya kula. Jumatatu twende pamoja kwa wakili."

Machozi yalimtoka Kasiva. "Nisamehe, Baba Njambi. Nilidanganya. Niliona wivu." Njambi alikuwa amekwisha kutoka nje, hakumsikia.

Kesi haikwenda mbio. Iliahirishwa mara kadhaa, na Bwana Mbaluka alianza kukata tamaa. Hatimaye mahakama ilitoa amri, na shirika likalipa deni pamoja na riba. Asubuhi iliyofuata miksa ilinguruma uani, na Kasiva akacheka peke yake.

Babake alimwita kando. "Siku ile sikukukemea kwa sababu nami nilimwonea Kibe wivu. Wivu ulinifunga mdomo. Ningemwuliza mapema jinsi alivyofanya, tusingeteseka hivi. Mwanangu, mwenye wivu hukodolea macho alichonacho mwenzake, asiulize alivyokipata. Uliza. Kuuliza si ujinga."

Kasiva alitoka hadi langoni kwa jirani. Njambi alikuwa akifuta baiskeli yake, na hakuinua macho.

"Njambi, nilimsingizia babako, na nimejuta," Kasiva alisema. "Halafu, sijui kuendesha. Sijawahi kujua. Utanifunza?"

Njambi akamsogezea usukani. "Shika hapa. Usiangalie chini."