Vivuli vya Kihamba cha Aminieli

Mnisamehe kabla sijaanza. Hadithi hii naisimulia vibaya, nacheka mahali pa kulia, na mke wangu ameshanipiga marufuku kuisimulia mezani.

Sifael, fundi kompyuta wa Kiboriloni, Jumamosi ile alishinda kwake Old Moshi, kashiba mtori, anapiga mluzi. Alikuwa anachora nyumba. Angeijenga kwenye kihamba, shamba la migomba la marehemu kaka yake, Aminieli, ambako alikuwa ameshang'oa masale yote, mimea iliyoonyesha mpaka. Kaka, akiwa mgonjwa, alimletea jani la sale wapatane. Kwetu Uchagani, ukiletewa sale, hukatai hata kama aliyelileta ni muuaji. Sifael alilichana, akampa mbuzi.

Kompyuta nayo ilikuwa ya Aminieli. Windows 7, kadi ya picha ya kizamani isiyojua shader, yaani ile kazi ya kupaka mwanga na vivuli, hivyo programu ya kuchorea ilikuwa inagoma. Sifael akachomeka flashi ya rafiki, yenye faili la kuifanya prosesa ibebe kazi ya kadi. Likauliza maswali. Akabonyeza Ndiyo. Ndiyo. Ndiyo.

Picha ikafunguka. Mgomba ukapata kivuli. Mlango ukapata kivuli. Na mbele ya mlango, kivuli cha mtu. Mtu mwenyewe hayupo.

Kimeshika panga.

Mkewe, Yuditha, aliyemletea chai, akanong'ona, "Baba Gladness, huyo kainamisha bega kama shemeji. Omba msamaha. Ngoja nikachume sale."

"Niipigie magoti Windows? Lete sukari, mama."

Akashika mausi akifute. Panga likapanda. Sifael akacheka.

Panga likashuka.

Vidole vinne viliruka. Damu ikapiga ukuta. Akang'oa waya wa umeme kwa mkono uliobaki. Kioo hakikuzimika. Panga likapanda. Begani. Mfupa ulilia kama kuni kavu.

Yuditha alikimbia mpakani kutafuta jani.

Hakukuwa na hata moja.

Aliporudi, kichwa cha mumewe kilikuwa kwenye kibodi. Kiwiliwili bado kimekaa kitini.

Vidole havikuonekana. Ila siku ya tatu baada ya maziko, mpakani yalikutwa masale manne mabichi, hajulikani aliyeyapanda. Aliyeling'oa moja alikuta mzizi una ukucha.

Msinitazame hivyo. Ndiyo, flashi ilikuwa yangu. Swali la tatu la lile faili liliuliza: "Unamruhusu Aminieli aingie?"

Nililisoma kabla ya kumpa. Nikaona litamchekesha.