Valvu Iliyofichwa Sandukuni

Jumatatu, tarehe 4 Agosti 2025. Ukungu ulikuwa umetanda Mlandizi tangu alfajiri, na kibaridi cha kusi kiliwafanya hata bata wa jirani wajikunyate chini ya ua wa michongoma. Kudra, msichana wa darasa la saba, alikuwa ameshasali na kufagia uwanja. Sasa alikuwa akisugua sakafu ya saruji chini ya bomba lililokuwa nje ya ua wa bibi yake, kazi aliyoifanya kila asubuhi kabla ya kwenda shule.

Bomba hilo lilikuwa na heshima yake mtaani. Babu yake Kudra, Mzee Hamidu, alipofariki na kuzikwa kwao Msimbu, Kisarawe, bibi yake Bi Mwanakheri alivuta tawi la maji kutoka nyumbani hadi nje ya ua. Alitaka kila mpita njia anywe, na kila anayewahi swala atawadhe, ili thawabu zimfikie marehemu. Watu waliliita bomba la sadaka. Wazazi wa Kudra walikuwa Msimbu wakilima, na Kudra alipoletwa Mlandizi kusoma, bibi alimkabidhi bomba hilo alitunze.

Karibu na bomba palikuwa na shimo dogo lililofunikwa kwa bamba la zege. Ndani yake mlikuwa na valvu, kile kifaa cha kuzungusha ili kufungulia au kufunga maji yanayokwenda bombani. Kwa siku kadhaa valvu hiyo ilikuwa ikivuja. Maji yalijaa shimoni, yakafurika, na bata wakapata mahali pa kuogelea.

"Kudra!" bibi aliita kutoka barazani. "Bado inalia?"

"Inalia, bibi. Njoo uisikie, kama nyoka."

Bi Mwanakheri alikuja polepole, mkononi ana kitu kizito kilichofungwa kwa gazeti. "Valvu mpya hii, nimeinunua jana sokoni. Ukitoka shule, pitia moja kwa moja kwa fundi Hilario, ng'ambo ya barabara. Mpe, umwambie aje leo leo. Mimi nakwenda msibani, nitarudi magharibi."

"Sawa, bibi."

"Si sawa ya mdomoni, mjukuu wangu. Bomba hili ni la babu yako."

"Nimesikia, bibi. Nitakwenda."

Na wakati anasema hivyo, kweli alikusudia kwenda.

Lakini jioni ile kulikuwa na mechi ya mpira wa pete kati ya mikondo miwili ya darasa la saba, na Kudra ndiye aliyekuwa mfungaji. Alipoanza kufunga mkoba wake, rafiki yake Biubwa alimshika mkono. Biubwa alikuwa jirani yake, na darasani walikaa dawati moja.

"We Kudra, unakwenda wapi? Unawakimbia wale?"

"Bibi kanituma kwa fundi."

"Fundi hahami! Cheza kwanza nusu moja tu, halafu nitakusindikiza."

Nusu moja ikawa mbili. Walishinda, wakaimba hadi wakakauka makoo. Mechi ilipokwisha jua lilikuwa limezama, na Kudra aliogopa kuvuka barabara kuu peke yake gizani. Biubwa mwenyewe alikuwa ameshaitwa na mama yake.

Nyumbani, bibi alikuwa hajarudi. Kudra alifunua bamba la zege na kuisikia valvu ikilia vilevile. Akakumbuka jinsi vijana wa mtaani walivyoziba mabomba. Alichukua kipande cha mpira wa ndani wa baiskeli, akakivuta na kukizungusha juu ya valvu kuukuu, akafunga fundo kwa nguvu zake zote. Sauti ikakoma. Alirudisha bamba, akalifukia kwa udongo na kulikanyagakanyaga. Valvu mpya akaificha chini ya nguo katika sanduku lake.

"Kesho nitaipeleka kwa fundi," alijiambia.

Bibi aliporudi alisimama kando ya bomba akitega sikio.

"Fundi kaja?"

"Kaja, bibi."

"Kaifunga ile mpya?"

"Kaifunga."

"Alhamdulillahi." Bi Mwanakheri alimpapasa kichwa. "Mungu akukuze. Babu yako huko aliko amefurahi."

Kesho yake Kudra hakwenda kwa fundi. Angekwenda kufanya nini, naye ameshasema fundi amekuja? Bibi alimpa fungu la mihogo ampelekee Hilario kwa ahsante. Kudra aliipeleka mihogo ile kwa kina Biubwa. Mama yake Biubwa, Bi Hamisa, akampokea kwa mikono miwili na kumwombea dua ndefu, na kila neno la dua ile lilimchoma.

Maji katika mtaa wao yalikuja kwa mgao. Leo yapo, kesho hayapo. Haikupita muda, watoto wawili wa nyumba za karibu wakaanza kuumwa homa na matumbo. Zahanati ikatoa taarifa, na bwana afya akaja mtaani kukagua maji. Alianza na bomba la sadaka. Majirani walikusanyika, na Biubwa, aliyedhani Kudra alikwenda kwa fundi kesho yake ya mechi, alikuwepo na mama yake.

"Bomba hili lina hitilafu yoyote?" aliuliza bwana afya.

"Lilikuwa linavuja, mwanangu, lakini valvu ni mpya," alijibu Bi Mwanakheri kwa fahari. "Fundi Hilario kaifunga mwezi huu huu. Muulize mjukuu wangu, yeye ndiye aliyemsimamia."

Bwana afya alimgeukia Kudra. "Shimo la valvu liko wapi? Nataka kulifungua."

Macho ya bibi yalikuwa juu ya Kudra, na macho ya mtaa mzima.

"Lipo hapo," alisema. "Lakini fundi kasema udongo usiguswe mpaka ushike vizuri."

Kwa kauli hiyo moja, bwana afya aliondoka pale. Alichukua maji kidogo ya kwenda kupima, akasema majibu yatachukua siku, kisha akaenda kwenye kisima cha Mzee Hashiru, mtaa uleule. Kisima kile hakikuwa na mfuniko, na alipokiona akaamuru kifungwe kwanza.

Watu hawakungoja majibu. "Kumbe ni kisima cha Hashiru!" walisemezana. "Mzee mzima anatunywesha uchafu!" Mzee Hashiru, aliyezoea kukaa nje na kusalimiwa na kila mtu, akawa anajifungia ndani. Na nyumba zote zilizokuwa zikichota kisimani, nyumba ya kina Biubwa ikiwemo, zikahamia bomba la sadaka.

Kudra alijaribu mara moja. Alimkuta Bi Hamisa bombani akijaza ndoo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

"Mama, maji haya... mnayachemsha?"

Bi Hamisa alicheka. "Maji ya sadaka niyachemshe? Nimdhanie vibaya marehemu? Maji yaliyotolewa kwa ajili ya Mungu hayana dhara, mwanangu. Hata bibi yako hachemshi."

Ni kweli, bibi alikuwa hachemshi. Mtaa mzima ulikuwa na imani hiyo. Kudra angeweza kusema pale pale, "Mama, mwaga hayo." Badala yake akamsaidia kujitwika ndoo.

Septemba ilipoanza, Biubwa alianguka darasani.

Hospitalini Kibaha walisema ni homa ya matumbo, nayo imemkamata sawasawa. Mtihani wa kumaliza darasa la saba ulikuwa umekaribia sana. Biubwa alikuwa wa kwanza katika hisabati. Mama yake alikuwa ameshamshonea sare ya sekondari kabla hata ya mtihani, na watu walikuwa wakimtania kwa hilo.

Siku hizo Kudra akisali, maneno yalimkwama. Kila alipotawadha kwa maji ya bomba lile, alihisi anajipaka uongo wake mwenyewe mikononi na usoni.

Bibi alimchukua wakaenda Kibaha kumwona mgonjwa. Biubwa alikuwa amelala, macho yameingia ndani, midomo imepasuka. Bi Hamisa alikaa kando ya kitanda na khanga iliyokunjwa mapajani. Biubwa alipomwona Kudra alijaribu kutabasamu.

"Umeniletea maji ya kwenu?" aliuliza kwa sauti ndogo. "Ya hapa yananuka dawa. Nimewaambia nataka yale ya bomba la babu."

Kudra alipiga magoti palepale sakafuni.

"Usiyanywe! Biubwa, usiyanywe tena! Fundi hakuja. Valvu mpya ninayo mimi, iko sandukuni. Ile ya zamani niliifunga mpira wa baiskeli. Nilimdanganya bibi. Nilimdanganya bwana afya. Mihogo ile, mama, haikuwa yenu, ilikuwa ya fundi."

Bi Mwanakheri alishika chuma cha kitanda. Bi Hamisa alimtazama Kudra, akasema taratibu, "Ile siku uliyoniuliza kama nachemsha, ulikuwa unajua?"

"Nilikuwa naogopa kwamba... ndiyo, mama."

"Na ndoo ukanitwika."

Bi Hamisa aligeuza uso, akaendelea kumfuta mwanawe jasho.

Jioni ileile Kudra aliitoa valvu sandukuni, akavuka barabara kuu pamoja na bibi yake hadi kwa fundi Hilario. Fundi alisikiliza habari yote, akachukua spana zake. Alipofunua bamba, harufu ilipanda. Mpira ulikuwa umelegea siku nyingi. Valvu ilikuwa imezama katika maji meusi: matope, mavi ya bata, na maji ya kufulia nepi na kunawia miguu yaliyotiririka kutoka kwenye sakafu ya bomba.

"Sogea uone, mwanangu," alisema Hilario. "Maji yakija, bomba linasukuma nje, ndipo unaona linavuja. Mgao ukikatika, bomba linabaki tupu, linafyonza. Litafyonza nini? Litafyonza hiki." Akachota matope yale kiganjani. "Maji yakirudi, yanakibeba hadi kwenye ndoo ya mtu."

Alikata maji kwenye mita, akalikausha shimo, akaifungua valvu kuukuu, akazungushia tepu nyeupe kwenye meno ya bomba na kuifunga ile mpya. Kisha akajengea kingo za tofali ili maji ya juu yasiingie. Kazi yote haikuzidi muda wa mechi moja ya mpira wa pete. Kudra aliliona hilo, na likamuuma kuliko matusi.

Majibu ya bwana afya yalipokuja, yalithibitisha kuwa uchafu ulikuwa kwenye bomba. Mabomba yalioshwa kwa dawa, na watu wakaagizwa kuchemsha maji yote ya kunywa.

Siku ya mtihani Kudra aliingia chumba cha mtihani na kukuta jina la Biubwa limebandikwa kwenye dawati la mbele yake. Dawati lilikuwa tupu. Msimamizi aliita jina hilo, akangoja, akaita tena, kisha akasonga mbele. Kudra alifanya maswali yote ya hisabati huku machozi yakidondokea karatasi, na hakuna hata swali moja lililompa furaha. Mwalimu mkuu alisema Biubwa ataombewa kufanya mwakani. Mwaka mzima, akitazama wenzake wakivaa sare ya sekondari, huku yake imekunjwa kabatini.

Biubwa aliporuhusiwa kurudi nyumbani, amekonda kama ufito, Bi Mwanakheri aliwaita majirani bombani. Alikuja Bi Hamisa akiwa amemshika mwanawe. Alikuja fundi Hilario. Akaja na Mzee Hashiru, akasimama mbali kidogo na wengine.

"Majirani zangu," alisema Bi Mwanakheri, "nilizoea kusema maji haya ni ya sadaka, basi ni salama. Nilikosea. Sadaka inataka mkono wa kuitunza. Mungu huiona nia yangu, lakini shimo la matope haliijui nia yangu. Nami nilipaswa kufunua bamba hili kwa mkono wangu mwenyewe badala ya kuridhika na maneno. Huyu mtoto," akamsogeza Kudra mbele, "hakuwaumiza kwa kucheza mpira. Watoto hucheza. Aliwaumiza kwa kusema kazi imefanyika wakati haijafanyika. Angesema jioni ile, 'Bibi, sikwenda,' ningemgombeza, tukala, tukalala, na kesho fundi angekuja. Uongo wake ulikuwa mdogo, wa kukwepa kugombezwa tu. Mmeona ulikofika. Mwaka huu siendi Msimbu kwenye hitima ya mume wangu na kusimulia habari za bomba, mpaka yeye aseme nanyi."

Kudra alimwendea kwanza Mzee Hashiru. "Babu, kisima chako nilikisingizia kwa kunyamaza. Nisamehe."

"Nimekusamehe, mjukuu wangu," alisema mzee. "Lakini hao walionipita bila salamu, nao ungewaambia waje kwangu waniombe radhi."

Watu waliinamisha vichwa.

Kisha Kudra akamgeukia Bi Hamisa, asiweze kumtazama machoni.

"Nitakusamehe, kwa sababu Mungu ametuamuru," alisema Bi Hamisa. "Ila si leo, Kudra. Leo bado nauona mkono wako kwenye ile ndoo."

Biubwa alikuwa ameegemea bega la mama yake. "Mama, mwache aseme," alinong'ona.

Kudra alisimama kando ya shimo, akasema kwa sauti ambayo hata waliokuwa nyuma waliisikia:

"Mbele ya Mwenyezi Mungu, na mbele yenu wote, mimi Kudra binti Salehe naahidi: nikitumwa kazi nisiifanye, nitasema sijaifanya, siku ileile, hata nikigombezwa. Shimo hili nitalifunua kila asubuhi, na yeyote akitaka kuliona, nitalifungua mbele yake. Na wewe Biubwa, hata mimi nikivaa sare mwakani, kila jioni nitakuja kwenu tusome, mpaka siku jina lako litakapoitwa katika chumba cha mtihani na wewe mwenyewe uitikie."