Walioitwa Bila Kulazwa

Baba mdogo Filbert alikuwa na ugonjwa mmoja: hakujua kumkatalia mgeni. Mgeni akija, atamchinjia hata kuku anayetaga. Ndiyo maana yule Mskoti alipofika Njombe hakulala gesti hata siku moja.

Aliitwa Aili. Kazi yake ilikuwa kukusanya hadithi na nyimbo za wazee, na huko kwao alikuwa mwanasiasa wa kelele nyingi, akitaka Uskoti ijitoe kwa Waingereza. Aliwahi kuwekwa ndani kwa kuteremsha bendera yao.

"Bibi yangu alichapwa shuleni kwa kusema lugha yetu," alituambia tukimenya viazi. "Taifa likiwasahau wafu wake, nalo limekufa."

Jamani, Kiswahili chake kilikuwa kizuri! Tulimpenda.

Alichokitafuta alikuwa nacho shangazi Esnath, dada mkubwa wa baba mdogo. Katika ukoo wetu ndiye pekee aliyebaki anayejua kuwaita wafu makaburini, jina kwa jina, kisha kuwalaza tena. Ukiwaita, unawalaza hapohapo. Wasipolazwa hawarudi mikono mitupu.

Siku tuliyokwenda makaburini, ukungu ulishuka mchana kweupe. Shangazi akaanza kuita, Aili akirekodi kwa simu. Alipofika kwenye jina la babu, baba mdogo akatazama saa. Aili alikuwa anawahi gari la Makambako, akaunganishe basi la Dar. Kwao kulikuwa na maandamano makubwa.

"Dada, utamalizia baadaye. Mgeni ataachwa."

"Filbert, wamesimama," shangazi alinong'ona.

"Nani?"

"Wote."

Baba mdogo akacheka kwa aibu, akamshika dada yake mkono, akamtoa pale. Mzee wa kanisa mzima! Eti mgeni asituone tukibishana.

Aili alipoondoka, shangazi alirudi makaburini mbio. Akafungua mdomo awalaze. Sauti haikutoka. Daktari alimchungulia koo, hakuona kitu. Nyumba nzima tuliingiwa na hofu, maana bila sauti ile lazima wafu wangeondoka na mmoja wetu.

Siku chache baadaye baba mdogo akampigia Aili, akamsihi asiifungulie ile sauti popote.

"Kaka Filbert, nimeshaifungulia. Kwenye maandamano, kwa spika. Watu walilia."

Akatutumia video. Mvua, bendera za buluu na nyeupe, umati unaimba. Nyuma ya Aili walisimama watu wasioimba. Walikuwa peku. Walivaa sanda. Wa mbele alikuwa babu.

Loo! Simu ilinidondoka.

Asubuhi moja Aili alipiga akilia. "Wako mlangoni kwangu. Wananiuliza jambo, silielewi. Nadhani ni Kibena chenu."

"Tusikilizishe," baba mdogo alisema.

Akasogeza simu mlangoni. Tukasikia sauti ya shangazi. Shangazi mwenyewe alikuwa kando yangu anapukuchua maharage, midomo imefungwa.

Sauti iliuliza, kwa Kibena: "Nani aliyetukatiza?"

Nilimshika baba mdogo mkono, nikatikisa kichwa. Nyamaza. Nyamaza, baba.

Aili alipiga yowe.

"Mwacheni mgeni," alisema baba mdogo. "Ni mimi."

Simu ikakatika.

Baba mdogo akavaa buti zake, akasema anakwenda jikoni kunywa chai. Hakuwa na wasiwasi tena, na hilo ndilo lililonitisha zaidi.

Shangazi akakohoa. Akatoka uani, akageukia makaburi, na sauti yake ikatoka, safi kabisa. Nililia kwa furaha. Alianza kuwalaza, jina kwa jina, taratibu. Akamlaza babu. Nilidhani amemaliza.

Akavuta pumzi, akasema, "Na Filbert."

Nilikimbia jikoni. Chai ilikuwa bado inatoa mvuke. Sakafuni kulikuwa na nyayo za watu peku, za tope jeusi lililonuka chumvi na samaki, na bahari sisi tunaisikia redioni tu. Zilitoka kwa mlango wa nyuma kuelekea makaburini.

Za mwisho zilikuwa za mtu aliyevaa buti.