Kitanda cha Taa cha Getrude

Mimi si mtu wa kutishika. Nimewahi kulala shamba la Litumbandyosi, chui anakoroma jirani, nikamkoromea na mie mpaka akahama. Kwa hiyo nikisema kile kitanda sikisogelei tena, we amini tu.

Ilikuwa asubuhi ya kawaida pale Mbinga mjini, watu na chai yao. Getrude wa saluni akaniita nimshushie mtumba wake mpya: kitanda cha plastiki chenye kifuniko, taa ndefu za zambarau juu na chini. Wazungu hulala humo, wakafunikwa, wakatoka na weusi wa kupendeza. Ndani ya kifuniko, kwenye kioo, palikuwa na alama ya kiganja. Kidole cha mwisho kilikuwa nusu. Tulisugua kwa spiriti. Haikutoka.

Bwana afya alipokiona, akakitia lakiri.

"Hizi taa zinaunguza ngozi, zinaleta saratani. Na mwenye kupaka mkorogo asithubutu kabisa."

"Ndiyo, bwana afya," Getrude akaitikia kwa adabu zote. Bwana afya hajafika stendi, lakiri imeshakatwa kwa wembe.

Sasa mpwa wangu Marselina alikuwa ameposwa na Cleopa wa kule ziwani, Mbamba Bay. Mkorogo ulikuwa umemharibu: uso mweupe, vifundo vya vidole vyeusi, shingo mabaka matupu. Mama Cleopa, ulimi wake kisu cha kuparia samaki, alimsema mbele za watu: "Mwanangu kaniletea dagaa, usipa usiogeuzwa juani! Upande umekauka, upande bado. Apate rangi moja, la sivyo harusi hakuna."

Marselina akaingia kwenye kitanda. Mimi nikabaki nyuma ya pazia. Alitoka anawashwa mwili mzima, lakini rangi moja, kama kahawa iliyokaangwa na mjuzi. Getrude akapiga vigelegele. Kisha Marselina akageuka avae khanga yake.

Mgongoni, chini ya bega, palikuwa na kiganja cheupe. Pale mwanga haukufika, kwa sababu mkono ulikuwa umepakinga.

"Nani alikushika?"

"Mjomba, nilikuwa peke yangu."

Kidole cha mwisho kilikuwa nusu.

Gauni lake la harusi lilikuwa la mgongo wazi. Kesho yake akataka arudi, taa zikifute kile kiganja. Nikamkataza. Akanitazama machoni.

"Kwani mjomba, wewe ndiye utanioa?"

Akalala. Kifuniko kikashuka. Taa zikavuma. Nje watu wanapita na soko lao, jua limesimama utosini.

Ndipo nikasikia mnong'ono.

"Mjomba. Kuna mtu ananigeuza."

Nilishika kifuniko. Mimi huyu, gunia la kahawa nalitupa begani kama mto wa kulalia. Hakikutikisika. Getrude akachomoa waya ukutani. Taa hazikuzimika. Sauti ndani ikawa ndogo. Ikawa pumzi. Ikaisha.

Kisha kifuniko kikafunguka chenyewe. Taratibu.

Alikuwa ameiva pande zote mbili, sawasawa. Ubavuni tu, kulia na kushoto, palibaki viganja viwili vyeupe. Ndipo unapomshika mtu ukitaka kumgeuza.

Msibani Mama Cleopa aliinama juu ya jeneza, akachungulia sana.

"Haya," akasema. "Rangi moja."

Getrude alifunga saluni. Kitanda akamwachia shemeji yangu Othmar wa Maguu, bahili asiyetupa hata uzi. Mwaka ule ukungu uligoma kuondoka kule juu, kahawa zinaoza vichanjani. Othmar akasema taa ni taa. Akamwaga humo kahawa aliyoiosha, akaisambaza vizuri, akafunika.

Asubuhi akaniita tufungue wote. Kahawa ilikuwa imekauka mpaka inalia kama mawe. Isipokuwa sehemu mbili, mbichi, maji yanachuruzika. Sehemu ya kwanza ilikuwa na umbo la mwanamke aliyelala ubavu, kajibana ukingoni. Ya pili ilikuwa umbo la mtu ukingo wa pili, kanyoosha mkono. Kidole cha mwisho nusu.

Katikati yao palikuwa pakavu. Walikuwa wameacha nafasi.

Niliipima kwa macho. Mabega yangu yanaenea.