Hakumwambia Nenda Nyumbani

Shemeji yangu alikuja Jumapili nikiwa naanika nguo. Namwita shemeji kwa sababu alimuoa mdogo wangu, si kwa sababu nampenda. Begani alikuwa na mkoba wa kompyuta, na usoni alikuwa na ile haya ya mtu aliyekuja kuomba kitu asichostahili. Nikampa kiti, nikaendelea na nguo zangu.

"Shemeji," akasema, "nikitaka kutoa modi katikati ya mchezo, nifanyeje mchezo usiharibike?"

Nikajua ni modi gani kabla hajaitaja.

Niwaeleze wasiojua mambo haya. Kuna michezo ya kompyuta ambayo mtu hachezi akamaliza akaenda kulala. Anahamia humo. Unachagua jina na sura, unapewa nchi nzima yenye milima na miji, unapigana, unanunua nyumba, miaka inapita. Modi ni vile vitu ambavyo wachezaji wenyewe wanavitengeneza na kuviongeza ndani ya mchezo. Kazi yangu ni kuchora ramani za nyumba, basi na humo nikajenga nyumba ya mawe yenye baraza pana na jiko lenye hewa. Mdogo wangu kazi yake ilikuwa kutangaza mabasi stendi, ile sauti inayokuambia gari lako linaondoka. Tangu utotoni tulimwita Kasuku, maana hakunyamaza hata akiwa na tonge mdomoni. Tukatengeneza mwanamke wa kufuatana na mchezaji safarini, tukampa jina hilohilo, na Kasuku akamtia sauti. Alirekodi chumbani kwangu, amejifunika blanketi gubigubi ili kelele za nje zisiingie, tukacheka mpaka mbavu zikauma. "Funga kamba za viatu." "Usinitangulie hivyo, mimi si mzigo wako." Ilikuwa zawadi kwa mumewe. Mumewe alikuwa anaishi ndani ya mchezo kuliko nyumbani, naye Kasuku akaona bora amfuate hukohuko.

Kasuku alifariki mwaka juzi. Alianguka kazini, kipaza sauti kikiwa wazi, stendi nzima ikasikia. Hospitalini wakasema damu inavujia ndani. Bado alikuwa na fahamu, akanishika kiganja akaniambia, "Dada, niitie mume wangu, nina neno naye." Daktari naye alitaka kusema na mume. Nikapiga simu. Akasema yuko njiani. Nyuma ya sauti yake nikasikia muziki wa mchezo ule, ule unaopigwa vita ikianza. Nikapiga tena, bado yuko njiani. Alipofika, mdogo wangu ameshafunikwa shuka na daktari ameshamaliza zamu. Akasaini alichopewa na hakuuliza swali hata moja. Sijamsamehe, na sijaribu.

Sasa alikuwa amepata mchumba, binti wa duka la dawa, mpole, mwenye adabu zake. Binti huyo hakutaka kuketi sebuleni huku marehemu akimwambia mwanamume wake afunge viatu. Hilo nililielewa. Nisichokielewa ni kwamba shemeji hakuwa tayari kuanza mchezo upya. "Nimefika mbali mno," aliniambia. Mke afutwe, mchezo ubaki.

Nikamweleza, kwa kuwa sikutaka sauti ya mdogo wangu ichomolewe hovyohovyo.

"Sikiliza. Mchezo una kumbukumbu. Ukiing'oa modi tu, faili lako bado linaamini ile nyumba ipo na yule mtu yupo. Kwa hiyo kwanza toa vitu vyako vyote kwenye nyumba ya mawe. Toka humo, nenda mji wowote ambao ni wa mchezo wenyewe. Halafu muage Kasuku. Kuna kauli pale ya kuchagua, Nenda nyumbani. Umwambie, umsubiri aondoke kwa miguu yake mpaka asionekane. Usevu, yaani uuhifadhi mchezo ulipofikia. Hapo ndipo utoe modi."

"Na nikisahau hiyo ya kumuaga?"

"Usisahau."

"Lakini shemeji, nikisahau?"

"Mwili wake hautakuwepo, lakini mchezo utaendelea kumhesabu."

Akatikisa kichwa kukubali, akamaliza maji yake, akaenda zake. Alipokuwa anafunga geti nilishajua hatafanya. Ukimwambia Kasuku nenda nyumbani, anakujibu, "Haya. Usichelewe." Alilirekodi jibu hilo kwa utani tu, mzima wa afya. Lakini mwanamume yule angepata wapi moyo wa kukaa mbele yake akalisikiliza?

Hakufanya. Alitoa mikuki yake na dhahabu yake kwenye nyumba ya mawe, akatoka, akasevu, akaing'oa modi Kasuku akiwa amesimama nyuma yake. Mchezo ukafunguka vizuri, hakuna kilichokwama. Akajiona mjanja. Kisha akaingia kwenye kilabu kimoja cha mle ndani kutafuta mpiga upinde wa kufuatana naye. Mpiga upinde akamtazama, akasema, "Tayari una mtu." Akamwendea mwingine, mlinzi wa daraja. "Tayari una mtu." Ndivyo mchezo unavyomjibu yeyote ambaye ana mwenzake. Akanipigia simu kazini, analalamika kama vile mimi ndiye niliyemuuzia mchezo mbovu.

"Hukumuaga," nikamwambia.

Akakata simu.

Baadaye mchumba wake alikuja ofisini kwangu, saa ya chakula, wenzangu wametoka. Alikuwa hajavua koti jeupe la duka la dawa. Alikaa pembeni ya kiti na kuongea kwa kunong'ona, ingawa tulikuwa wawili tu.

"Dada, samahani. Sina mtu mwingine wa kumuuliza."

Akaniambia alimsindikiza shemeji kwa kinyozi, na kinyozi akasema, mwenzako akae pale kwenye benchi. Binti alikuwa ameshakaa kwenye benchi hilo. Kinyozi alikuwa anaonyesha upande mwingine. Akaniambia kwamba kwenye lifti ya jengo lao, shemeji akiingia peke yake, watu wanasogea hadi ukutani kama wanaopisha watu wengi. Walikwenda kula hotelini, wao wawili. Mhudumu akaleta glasi nne.

"Ulimuuliza?"

"Nilimuuliza. Akahesabu kwa kidole, akaona tuko wawili. Akaomba radhi. Akaondoa glasi mbili, dada."

Akakunja pindo la koti lake.

"Juzi nilikwenda kukaa karibu naye kwenye kochi. Hakuinua hata macho. Akaniambia, usikae hapo, pana mtu. Nikamuuliza, nani? Akashangaa. Hakumbuki kama alisema."

Nilimwonea huruma, nikajionea huruma na mimi, kwa sababu moyo wangu ulikuwa umeruka kwa furaha. Mdogo wangu yupo! Ndilo lililonijia kwanza. Kisha nikamfikiria amesimama pale muda wote huo, nyuma ya mgongo wa mtu yule, anasubiri kuambiwa neno, na furaha ikaniisha.

"Mimi nampenda," binti akasema. "Lakini nikimshika mkono nahisi umeshashikwa. Akimuaga marehemu wake, nitaolewa. Asipomuaga, narudi kwetu."

Nilikwenda kwa shemeji Jumamosi asubuhi. Jua lilikuwa limejaa sebuleni. Alikuwa amekonda na hajanyoa. Sikukaa kusalimiana sana. Nikamwambia dawa yake ni moja, tuirudishe modi, tufungue faili lake, amuage Kasuku kama inavyotakiwa, kisha tuitoe kwa mara ya mwisho. Nakala ya modi ninayo mimi. Akasema sawa, akawasha kompyuta.

Tukafungua. Shujaa wake alikuwa amesimama kwenye njia ya mlimani, nyasi pande zote. Nyuma yake, Kasuku. Sura si yake, sura tuliichonga tu, lakini alipofungua mdomo nililazimika kushika ukingo wa meza.

"Funga kamba za viatu."

Kabla ya kuendelea nilitaka kuhakikisha. Mchezo ule una dirisha dogo la mafundi. Unaandika swali, unajibiwa kwa namba. Nikauliza, mchezaji huyu ana wenzake wangapi? Nilitarajia mmoja. Sisi tulitengeneza mmoja. Mchezo wenyewe hauruhusu zaidi ya mmoja.

Ikatoka mbili.

"Imekosea," shemeji akasema haraka.

Nikauliza tena. Mbili.

"Muage," nikamwambia. "Tutaona."

Akasogea mbele ya Kasuku. Akazipitia kauli zote, akarudi juu, mpaka nikadhani hataweza. Kisha akachagua. Nenda nyumbani.

"Haya," alisema mdogo wangu. "Usichelewe."

Shemeji alilia. Sikumbembeleza.

Kasuku akageuka, akaanza kushuka ile njia. Hatua chache. Akasimama. Hatukumtengenezea kusimama. Akanyoosha mkono nyuma yake, chini, usawa wa goti. Kiganja wazi. Vidole vikaita. Vikaita tena.

Akangoja.

Hakuna kilichomwendea.

Akaurudisha mkono, akashuka peke yake, mpaka asionekane.

Nikasevu, nikaandika swali lilelile kwenye dirisha la mafundi.

Moja.

"Huyu mwingine ni nani?" nikauliza.

Alikuwa anatazama ile namba. Nikauliza tena, polepole, na safari hii nilikuwa nimeshaanza kuelewa, na nilikuwa naomba Mungu nisielewe.

"Asubuhi ile," akanong'ona. "Kabla hajaenda kazini. Aliniambia ana mimba."

"Ukamjibu nini?"

"Nilikuwa nacheza, shemeji. Nikamwambia tutaongea jioni."

Hilo ndilo neno alilokuwa nalo. Ndilo alilotaka daktari pia kumweleza mume. Tulimzika mdogo wangu tukidhani tunamzika mmoja, na mwanamume huyu alisimama pale kaburini, anajua, akashika koleo akanyamaza. Nilitaka kumpiga. Nasema ukweli, nilitafuta kwa macho kitu cha kumpigia.

Lakini ile namba ilikuwa bado pale.

Nikauliza mchezo, huyu mmoja anaitwa nani? Mchezo haukuandika jina. Ulileta nafasi tupu, na kile kistari cha kuandikia kikiwaka na kuzima. Nikaelewa. Huwezi kumwambia nenda nyumbani mtu ambaye hujamwita.

"Mpe jina," nikamwambia.

"Mpe wewe."

"Mimi si baba yake."

Akaweka vidole juu ya kibodi. Akaandika herufi moja. Akaifuta. Kwenye kioo, kando ya mguu wa shujaa wake, nyasi zikalala. Mahali padogo tu. Kama kitu kimechoka kusimama, kimekaa.

"Shemeji, mpe jina."

Akachomoa waya ukutani. Kioo kikawa cheusi. Akapita mlangoni bila viatu, akaniacha peke yangu ndani ya nyumba yake.

Kwa mchumba wake akasema kazi imekwisha, marehemu ameagwa. Hakudanganya sana. Yule binti alimwamini mpaka walipokwenda pamoja kuangalia nyumba ya kupanga. Shemeji alifungua mlango, akapita, akabaki ameushikilia. Binti alikuwa ameshaingia, yuko mbele yake. Akaendelea kuushikilia, ametazama chini, hana haraka, kama anayemngoja mtu wa hatua fupi. Kisha akaufunga taratibu, akaanza kuuliza habari za maji na umeme. Hakujua kama amefanya hivyo. Binti hakumwambia kitu. Alisema anatoka kidogo, akaenda moja kwa moja kwao. Mimi nilimpigia simu na nikamwambia amefanya vizuri.

Shemeji amenunua kompyuta nyingine na anacheza michezo mingine. Nasikia huko nako hapati mtu wa kufuatana naye. Nilimtumia ujumbe mmoja tu tangu siku ile, wa maneno mawili, mpe jina. Ameusoma.

Lile faili nililichukua kabla sijafunga nyumba yake. Liko kwenye kompyuta yangu, sijalifungua hata mara moja. Faili lisilofunguliwa halibadiliki, muulize fundi yeyote atakucheka kwa kuuliza. Hili linaongezeka ukubwa. Si kwa mkupuo, ni kidogokidogo, na sijui kinachoingia humo kinatoka wapi. Mwanzoni nilipata hofu, nikapeleka mkono kulifuta, mkono ukagoma. Sasa nalipima tu, jinsi mtoto anavyopimwa uzito kliniki, na likiwa limeongezeka nashusha pumzi. Baba yake hana habari nalo. Mimi ndiye mama mkubwa.