Masikio ya Phulmati

Siku za kesi Munia hakuwa akienda shule. Alifunga chapati nne kwenye kitambaa, akamshika mama yake mkono, wakapanda basi la saa moja kwenda mahakamani. Phulmati, mama yake, alikuwa kiziwi tangu alipougua homa, na pale mahakamani tarishi huita jina mlangoni mara tatu tu. Basi Munia, binti wa miaka kumi na miwili, ndiye aliyekuwa masikio ya mama.

Kesi ilikuwa na umri wa miaka sita. Baba alipofariki, mdogo wake, Bideshi, alidai ua wote wa nyumba ni wake, hata kisima ambacho marehemu alikichimba kwa mikono yake. Phulmati akamshtaki.

Siku moja Bideshi aliwakuta wameketi kwenye benchi la nje.

"Mwanangu, mbona umekonda hivyo? Leo kesi yetu ni ya arobaini, haitaitwa kabla ya saa nane. Shika hela hii, kanunue jalebi, ule kitu kitamu."

"Mama amesema nisiondoke, Baba Mdogo."

"Kwani atakusikia ukiondoka?"

Bideshi akacheka. Munia naye akacheka, na kicheko hicho kilikuja kumuuma kuliko yote.

Aliporudi kutoka kununua jalebi, vidole vikinata sukari, tarishi alimfokea. Alikuwa mgeni pale, hakuwafahamu.

"Ulikuwa wapi wewe? Nimeita Phulmati Devi mara tatu, kumbe ndiye huyu ananitazama usoni na kutabasamu! Wakili wenu naye hakuonekana. Kesi imefutwa. Mna siku thelathini za kuomba irudishwe. Haya, mwambie mama yako."

Mama aligeuza kiganja juu, kuuliza wamesemaje. Munia akamwonyesha kwa vidole: tarehe nyingine, mwezi ujao.

Wakili alipiga simu mara mbili. Simu ya nyumbani ilipokelewa na Munia, na mara zote mbili alijibu kwamba mama ameshaambiwa, atakuja.

Wiki ya tatu mafundi wa Bideshi walianza kujenga ukuta kati ya jiko la Phulmati na kisima. Phulmati akatoka mbio, akasimama juu ya matofali.

"Shuka, kiziwi," fundi mmoja alisema. "Kesi yako imeshakufa."

Wenzake wakaangua kicheko. Phulmati alimgeukia binti yake ili ajue wanasema nini. Munia akamwashiria kwamba wamekosea mpaka, watabomoa.

Siku ya ishirini na nane ukuta ulimpita mama kimo. Munia alimwona ameuegemea kwa viganja viwili, analia bila sauti, na hapo akashindwa. Akamweleza yote.

Phulmati hakumpiga. Alimpeleka kwa wakili siku ileile, ombi likawasilishwa. Lilipofika mbele ya hakimu, Munia alisimamishwa akaeleza mwenyewe habari za jalebi na uongo wake, watu wakimcheka. Kesi ilirudishwa. Ujenzi ulisimamishwa, lakini ukuta uliokwisha kujengwa ungebaki hadi hukumu.

Nje, Phulmati alizungumza kwa sauti yake nzito.

"Kutosikia ni maradhi yangu, Munia. Wewe umesikia, ukanyamaza siku ishirini na nane. Kosa likisemwa mapema hurekebishwa. Ukilificha, linajengewa ukuta."

Tarehe iliyofuata, Phulmati alipanda basi na binti wa jirani. Munia alibaki na ndoo mbili, akizunguka ukuta kwenda kuteka maji kwenye bomba la shule.