Amri Tatu Ukutani

Fundi alikuwa hodari wa kutengeneza fremu. Picha za harusi na vyeti vya shule, vyote vilipita mikononi mwake. Karakana yake ilikuwa chumba cha mbele cha nyumba yao. Nyuma waliishi yeye, mkewe na binti zao wawili. Nyumba hiyo waliijenga kwa miaka tisa, chumba kimoja kimoja.

Siku moja Fundi alikopa anunue mashine ya kukatia mbao. Nyumba ikawekwa rehani, na mkewe naye akatia sahihi. Kumbe mashine ilikuwa mbovu. Fundi akakosa kulipa marejesho ya miezi mitano. Mkopeshaji akaleta barua. Fundi akaitia kwenye droo. Ikaja ya pili, nayo ikaingia droo. Jamani, droo ile ilijua mambo mengi kuliko mkewe!

Barua ya tatu dalali aliibandika mlangoni. Nyumba itauzwa kwa mnada.

Fundi akakimbilia mahakamani. Bahati yake, siku za notisi kabla ya mnada hazikuwa zimetimia. Mahakama ikasimamisha mnada. Fundi akaitia amri ile kwenye fremu nzuri, akaitundika sebuleni.

"Tumeshinda," alimwambia mkewe.

"Deni limefutwa?"

"Wewe nawe! Huoni muhuri wa mahakama?"

Kesho yake jirani yao, bibi aliyestaafu ukarani wa mahakama, alifuata picha ya mjukuu wake. Akavaa miwani, akaisoma amri pale ukutani.

"Fundi, huu si ushindi," alisema. "Mnada umesimama mpaka notisi sahihi itolewe. Riba haijasimama. Tumia muda huu. Nenda kwa mkopeshaji, omba apunguze marejesho ya mwezi. Au akuruhusu uuze mwenyewe kwa bei nzuri. Mkikubaliana, yaandikwe."

"Nikampigie magoti mtu niliyemshinda?" Fundi alicheka.

Bibi akachukua picha yake, akaenda zake.

Notisi sahihi ikaja. Fundi akafungua kesi ya pili: nyumba imekadiriwa bei ya chini. Mnada ukasimama, makadirio yakarudiwa. Fremu ya pili ikapanda ukutani. Ili kumlipa wakili, waliuza makochi. Wageni wakawa wanazitazama fremu wamesimama.

Mara ya tatu, Fundi aliishiwa sababu. Akadai mkewe hakuridhia nyumba iwekwe rehani. Mkewe mwenyewe hakuambiwa. Mahakama ikasimamisha mnada mpaka kesi isikilizwe, na fremu ya tatu ikatundikwa.

Siku ya kesi mke akaitwa. Hakimu akamwonyesha mkataba.

"Mama, sahihi hii ni yako?"

Mke akamtazama mumewe. Fundi akainamisha kichwa.

"Ni yangu," mke alisema polepole. "Nilitia mwenyewe."

Kesi ikatupwa. Fundi akamnunia mkewe wiki nzima. Kisha nyumba ikauzwa. Riba ya miaka miwili na gharama za kesi zilimeza karibu bei yote. Kilichobaki kilitosha kodi ya vyumba viwili kwa miezi sita.

Siku ya kuhama Fundi alizishusha fremu zake. Kwa mara ya kwanza akaisoma ile amri ya kwanza, mwanzo hadi mwisho. Yale aliyosema bibi kuhusu mnada na riba yalikuwamo. Fundi akalia mbele ya binti zake.

"Nisamehe, mke wangu. Ulisema kweli, nami nikakununia."

"Nyumba imeniuma," mkewe alijibu. "Lakini kuulizwa mbele za watu jambo ambalo hukuniambia, kumeniuma zaidi."

Mwaka uliofuata mdogo wake Fundi, fundi cherehani, alikuja na barua mkononi. Naye aliweka nyumba rehani, akakosa kulipa marejesho ya miezi miwili.

"Kaka, yule wakili wako anapatikana wapi?"

Fundi akavua aproni. "Shemeji ameiona barua hii?"

"Bado."

"Mwonyeshe kwanza. Kisha twende kwa mkopeshaji leo hii. Wakikukosea kweli, mahakama ipo. Hapa hawajakukosea, unadaiwa."

Walikwenda wote, Fundi, mdogo wake na shemeji, na bibi karani pia. Mkopeshaji alikubali kuongeza muda na kupunguza marejesho. Bibi akasoma kila mstari kwa sauti, ndipo mume na mke wakatia sahihi. Nyumba ikapona.

"Kaka, nitengenezee fremu ya mkataba huu!"

"Hapana. Uweke mezani, muusome wote wawili. Ukutani hamtausoma."

Wakati wa kurudi Fundi alipita kwenye nyumba yake ya zamani. Dirisha la karakana lilikuwa wazi. Mwanamke akachungulia.

"Unamtafuta nani, baba?"

"Simtafuti mtu, mama," Fundi alisema. "Nimechelewa tu."

Akashika njia kwenda kwa mkewe.